Picha Ambazo Baba Hakuruhusiwa Kuziona

Baba yangu ni fundi cherehani. Duka lake liko Mabawa, hapa Tanga, na kazi yake ni kanzu. Mbele ya duka kuna benchi, na kwenye benchi hilo wanakaa wazee wenzake watatu ambao mimi sina hakika kama wana makwao, kwa sababu tangu nikiwa mtoto nawakuta hapo na hadi leo nawakuta hapo. Nikipita nawaamkia, shikamooni, wanaitikia marahaba, kisha mmoja wao lazima aniulize swali lile lile: "Haya, mpiga picha wetu, leo umetuletea?"

Sikuwahi kuwaletea. Kwa miaka mingi mimi nilikuwa mpiga video wa harusi anayegombewa kuliko wote hapa mjini, nasema bila haya maana ni kweli, na hakuna mwanamume hata mmoja aliyewahi kuona kazi yangu. Baba yangu akiwemo.

Nieleze, maana wa bara huwa hawalielewi hili. Harusi zetu zina upande wa wanawake, na upande huo ni wa wanawake kweli kweli. Mabuibui yanavuliwa mlangoni, nywele zinaachwa wazi, watu wanacheza mpaka wale usiowadhania. Simu zote zinakusanywa kwenye beseni na anasimamishwa mama mmoja mwenye sauti kulilinda. Halafu kuna mambo ya chumbani kabla ya ukumbini: bibi harusi anasingwa, mwili wote unasuguliwa kwa manukato, anapakwa hina, anavishwa kikuba cha asumini, bibi zake wamemzunguka wanamwambia maneno ya kwao. Watu wanataka kumbukumbu za mambo hayo, lakini mwanamume na kamera yake hapiti hapo. Basi apite nani? Nikapita mimi.

Aliyenipitisha ni shangazi, dada yake baba, ambaye kazi yake ni kupamba maharusi. Nilipomaliza kidato cha nne nikawa nimekaa tu nyumbani nagombana na kila mtu, akaja na kamera ndogo iliyoletwa na jamaa za wateja wake kutoka Maskati, akanitupia mapajani. "Kuliko kukaa ukinuna, shika hiki," akasema. Nikashika. Sijakiachia tangu hapo, ingawa kamera zenyewe zimebadilika.

Sharti la kazi ile ni moja, na halivunjwi. Unapiga, unakwenda kukata na kuunganisha nyumbani mlango ukiwa umefungwa, kisha unampelekea mama wa bibi harusi mkononi. Kilichobaki kwenye kompyuta yako unakifuta mbele ya macho yake. Mama mmoja alinifanya nifute, nizime, niwashe tena, ndipo akanipa maji ya kunywa. Baada ya hapo video inaingia kabatini, pamoja na dhahabu na kanga za doti ambazo hazijakatwa, na hutoka siku wanawake wa nyumba ile wanapotaka kujikumbusha. Mimi mwenyewe sina hata moja.

Na ilikuwa kazi nzuri! Hilo ndilo lililokuwa likinichoma. Mwanga nilijifunzia humo, si shuleni. Chumba cha bibi harusi hufungwa madirisha watu wasichungulie, kuna taa moja juu inayomfanya kila mtu aonekane anaumwa homa ya manjano, na wewe unatakiwa utoe sura ya bibi harusi. Nikajifunza kuomba mlango wa uani uachwe wazi kidogo, nikalisimamisha sinia la biriani ukutani lirudishe mwanga usoni, na mbele ya mlango nikatundika kitambaa cheupe cha kanzu ili jua lipoe kabla halijamfikia mtu. Kitambaa nilikuwa nachukua dukani kwa baba. Hakuniuliza cha nini. Alikuwa anapima, anakata, ananipa, na nikimrudishia anakitundika nyuma ya mlango kingojee harusi nyingine.

Siku moja nilifika dukani nikitokea uchochoroni, wasinione. Mzee mmoja wa benchini alikuwa amemshika baba. "Huyu binti yako, ati anapiga picha miaka yote hii, mbona hatuoni? Au anawapiga majini?" Wakacheka. Mwingine akasema majini ya Tanga yanapenda picha, ni kweli. Baba naye akacheka, akasema, "Mimi nijualo ni kwamba anachukua kitambaa cheupe, akikirudisha kinanuka udi. Zaidi ya hapo sijui." Kisha akarudi kwenye cherehani yake.

Iliniuma, jamani. Si maneno ya wale wazee, hao midomo yao naijua. Kilichoniuma ni baba kusema sijui. Mtu amekulea, amekusomesha kwa mkono wa kanzu, halafu hajui unafanya nini. Nikarudi nilikotoka bila kuingia. Kuanzia siku ile nikawa nataka kitu kimoja: kazi moja, moja tu, ambayo baba ataiona kwa macho yake, na wale wa benchini nao waione wakome.

Basi akanipigia simu kijana mmoja wa Muheza. Alikuwa amesomea mambo ya filamu Dar es Salaam, amerudi kwao, ameandika hadithi ya mzee anayerudi Pangani kuuza nyumba ya urithi na dada yake hataki. Hana kampuni, hana mfadhili wa maana, ana kamera ya kuazima na marafiki. Mpiga picha aliyekubaliana naye amepata kazi nyingine. Kuna mtu amemtajia mimi. Moyo wangu ulivyoruka, nilikaa chini.

"Dada, nitumie kazi zako nizione," akasema.

"Kaka," nikamwambia, "kazi zangu nzuri ndizo ambazo huwezi kuziona."

Nikasikia anakohoa. Halafu akauliza, kwa adabu zote, "Samahani dada. Hizo picha... ni za heshima?"

Weee! Nilimpandia hewani mpaka mama akatoka jikoni na mwiko. Nikamwambia ni za heshima kuliko zake, ndiyo maana haruhusiwi kuziona! Nikamweleza habari ya harusi za wanawake tangu mwanzo hadi mwisho. Akaomba radhi, akacheka, lakini akasema na lake: hawezi kumpa mtu kamera ya filamu nzima kwa maneno matupu. Na alikuwa na haki. Hata mimi nisingempa.

Nikaenda kwa shangazi nikiwa nimevimba. Shangazi hapendi mtu avimbe kwake, akanishika mkono tukaenda mtaa wa Usagara, kwa bibi mmoja wa ukoo wa Kimanga, Waarabu wa Omani, nyumba ya wafanyabiashara wa zamani, ambaye harusi ya mjukuu wake ndiyo kazi bora niliyowahi kufanya. Shikamoo bibi, marahaba wanangu, karibuni, kahawa, halua. Nikasema shida yangu. Nikaomba kipande kidogo tu, pale anapopakwa hina, nimwonyeshe yule kijana.

"Mwanamume?" akauliza bibi.

"Ndiyo, bibi."

"Haiwezekani."

"Bibi, uso wa bibi harusi nitauficha, nitaacha mikono tu."

"Mikono yake si yake?" akasema. "Haiwezekani, mwanangu. Kunywa kahawa."

Sikunywa. Machozi yalikuwa yananilenga, na mimi nikitaka kulia huwa naropoka, kwa hiyo nikaropoka. Nikasema mimi nimewatunzia siri zao ujana wangu wote, na siri hizo sasa zinanizika hai. Nikasema baba yangu mwenyewe hajui kama mimi nina kazi au nacheza. Shangazi akanifinya paja. Bibi akanisikiliza mpaka nikaishiwa, akajimiminia kahawa nyingine, akauliza kama anauliza bei ya nazi:

"Huyo kijana ana mama?"

"Anaye. Yuko Muheza, anauza machungwa."

"Si mwanamke huyo? Basi na aje yeye aangalie, akamwambie mwanawe."

Nilidhani ananifanyia mzaha. Hakuwa anafanya mzaha. Alimpigia simu palepale mjukuu wake huyo, aliyeko Maskati sasa, mjukuu akasema wanawake waone tu, hana neno. Nikampigia yule kijana nikijua kabisa ataniambia mimi na bibi huyo tuna wazimu. Akasema, "Mama yangu akiangalia filamu huwa hakosi la kusema. Atakuja."

Akaja siku ya pili yake asubuhi, mama mnene mcheshi, amejifunga kanga mbili, na kikapu cha machungwa kwa ajili ya wenyeji. Mwanawe alimfikisha mpaka kona, akaambiwa aishie hapohapo, asiikaribie nyumba. Nikamwelekeza akangojee dukani kwa baba. Sisi tukaingia ndani, mapazia yakashushwa, kabati likafunguliwa. Bibi, shangazi, mama wa Muheza na wakwe wa nyumba wakakaa mkekani, mimi nikasimama nyuma. Sikuangalia video, niliangalia kisogo cha yule mama. Hakusema kitu. Mtu ambaye hakosi la kusema, hakusema kitu! Nikajua nimekwisha.

Video ilipomalizika akajifuta uso na ncha ya kanga, akasema, "Haya, nipelekeni kwa mwanangu."

Tulimkuta mwanawe kakaa kwenye kigoda ndani ya duka, baba yuko kwenye cherehani, na wale wazee wa benchini wametega masikio hadi nikawaonea huruma. Yule mama akasalimia, akapewa kiti, akaanza.

"Nilichokiona siwezi kukwambia," akamwambia mwanawe, "maana nimekula cha watu na nimeahidi. Lakini naweza kukwambia alivyoonyesha. Kulikuwa na bibi mmoja mzee sana anapaka hina. Mkono wake unatetemeka. Mimi nikawa naogopa atamharibia mtoto wa watu. Huyu dada akausogelea ule mkono taratibu, akatulia nao. Mkono unatetemeka, picha imetulia. Akangoja. Mtu mwingine angekwenda kutafuta sura ya bibi harusi. Yeye akangoja mpaka mkono ukamaliza ua lake. Na jua lilikuwa linaingia kwa nyuma, laini, sijui kalifanyaje, kila kidole nilikiona. Nikamkumbuka mama yangu. Wewe bibi yako humkumbuki vizuri, lakini mimi leo nimemwona."

Cherehani ilikuwa imesimama. Baba alikuwa ameinua mguu kwenye pedeli na hajaushusha.

"Huwa anakuja kuchukua kitambaa," akasema baba. Hakuna aliyemuuliza. "Cheupe. Cha kanzu."

"Ndicho hicho basi," akasema yule mama. "Ndicho kilicholainisha jua."

Kijana wa Muheza akanitazama, akamtazama mama yake, akaniuliza kama naweza kuwa Pangani Jumatatu. Nikasema naweza. Baba akasema naweza, ila na shangazi yangu awepo. Ndivyo shangazi alivyokuwa fundi wa mavazi na vipodozi wa filamu ile, na nasema kweli, hakuna aliyemtisha kila mtu kama yeye.

Sasa msidhani niliingia Pangani nikawa malkia. Siku ya kwanza niliaibika. Tulikuwa ndani ya nyumba ya zamani ya mawe, chumba kina giza zuri, nimetundika kitambaa changu dirishani na sinia langu liko mahali pake. Picha yenyewe ni nyepesi: dada mtu amekaa kitandani, mlango unafunguliwa, mzee anaingia. Mwongozaji, yule kijana wa Muheza, akasema haya. Mlango ukafunguliwa. Na mimi, wallahi bila kufikiri, nikashusha kamera nikaiziba kwa kiganja.

Miaka yote ile ndani ya vyumba vya wanawake, mlango ukifunguliwa ghafla kuna sauti moja tu: "Kamera!" Na mkono unakwenda wenyewe. Nikaomba radhi. Tukarudia. Mlango ukafunguliwa, mkono ukaenda. Yule mzee mwigizaji, mwalimu mstaafu, akasimama mlangoni akauliza kama amevaa vibaya. Vijana wote wakawa wanajiuma midomo. Mimi nimelowa jasho, natamani ardhi inimeze, nawaza kwamba nimepata mwanamume wa kumpiga picha na mkono wangu unakataa. Shangazi akapiga kelele kutoka pembeni: "We mtoto we! Muache aingie! Huyu tumemwalika!"

Chumba kizima kikaangua kicheko, na mimi nikacheka mpaka nikakaa chini. Tuliporudia, mlango ukafunguliwa, mzee akaingia, na mkono wangu ukabaki ulipo. Yule mzee akakaa kwenye ukingo wa kitanda mbali na dada yake. Alikuwa ameshika funguo, anazigeuza geuza, hajui aanze vipi. Hadithi ilitaka niende usoni kwake. Nikabaki kwenye funguo, nikangoja. Mwongozaji hakunikataza. Mama yake alikwishamwambia.

Filamu ilikwenda ilikokwenda. Ilionyeshwa Dar es Salaam, ikaonyeshwa na kwingine ambako mimi sikufika, watu wakaandika mazuri na wengine wakaandika mabaya. Tangu hapo nimepata kazi nyingine, ndogo ndogo, za watu wasio na hela kama sisi, na harusi sijaacha. Lakini hiyo yote naisema harakaharaka kwa sababu sicho nilichokuwa nakingojea. Nilikuwa nangojea ije Mabawa.

Mwongozaji alipata ukumbi ule ule wa sherehe ambamo nimepiga harusi za wanawake sijui ngapi. Projekta akaazima. Pazia la kuonyeshea halikuwepo, nikaenda dukani. "Baba, nataka kitambaa."

"Kiasi gani?"

"Kikubwa. Cha kuonyeshea filamu. Utalazimika kuunganisha."

Akaacha alichokuwa akikishona. Kwa siku mbili wateja waliambiwa wasubiri. Alichokihofia ni mshono: vipande viwili vitakutana katikati, na kama mshono utaonekana, utapita usoni kwa watu. Akashona, akafumua, akashona tena, akapiga pasi. Wale wa benchini wakamtania kwamba anashona kanzu ya jini. Yeye akaendelea na pasi.

Onyesho lilikuwa alasiri, na ukumbi una madirisha mengi. Wanawake wakatatua hilo kabla sijafungua mdomo: yale mabuibui yao ya zamani yakatundikwa dirisha kwa dirisha, giza likaingia. Bibi wa Usagara alikuja na wakwe zake, akafika mlangoni akatafuta kwa macho beseni la simu. "Leo hakuna, bibi," nikamwambia. "Leo wanaingia wote." Akasema, "Ehee," akaenda kukaa mbele upande wa wanawake. Mama wa Muheza alileta machungwa. Baba alikaa upande wa wanaume na benchi lake lote, amevaa kanzu mpya.

Sikuweza kukaa. Nilisimama ukutani nikimtazama baba kama nilivyotazama kisogo cha yule mama. Mwanzoni aliangalia mshono tu, nilimwona, macho yake yalikuwa katikati ya kitambaa, yanapanda na kushuka. Kisha mlango ule wa Pangani ukafunguliwa, mzee akaingia, akakaa kwenye ukingo wa kitanda, funguo zikaanza kugeuka mkononi mwake, na jua limepoa juu ya vidole. Baba akaacha kuangalia mshono. Akaegemea mbele, viganja magotini, na hakuegemea tena nyuma mpaka mwisho.

Mwisho majina yalipita. Langu lilipofika, shangazi alipiga kigelegele ambacho nadhani kilisikika bandarini. Baba akasimama. Hakunitafuta mimi. Aliwageukia wale wazee watatu.

"Mmeona?" akawauliza.

"Tumeona," akasema mmoja.

"Mmeona nini?"

Yule aliyeanzisha habari ya majini ndiye aliyejibu, na safari hii hakuwa anatania. "Tumeona mkono wa mtu anayetaka kusema na hawezi," akasema. "Mpaka nilitaka nimsaidie."

"Basi hiyo," akasema baba, "hiyo ndiyo kazi ya mwanangu."

Watu walipoanza kutoka akavuta kiti, akapanda, akafungua kitambaa chake mwenyewe, hataki kusaidiwa. Akakikunja vizuri, pembe kwa pembe. Kisha kwa mazoea yake akakisogeza puani, akanusa. Hakikunuka udi. Akanitazama mimi kule ukutani, akacheka.